Ukitoka bendini, unatoka na nani?

Toleo lililopita niliandika aya mbili tu, tena pale chini karibu na tangazo la matairi, kuhusu mwimbaji wa salsa Héctor Lavoe na albamu yake ya kwanza ya peke yake, La Voz, iliyotoka 1975 baada ya yeye na kiongozi wa bendi yake, Willie Colón, kuachana. Nilidhani wazee watano hivi wataisoma, watabasamu, waendelee na chai yao. Wapi! Simu imelia kama ya keateka wa ploti tarehe tano ya kodi. Kwa hivyo wiki hii ukurasa wote ni wa salsa, na wale mlioniuliza kuhusu gita za benga mnisamehe, zamu yenu inakuja.

Mzee wa Santuri, shikamoo. Baba yetu alituacha mwaka juzi na kwenye vitu vyake tumepata hiyo La Voz uliyoandika, jalada lilishaliwa na mende imebaki sahani tupu imefungwa na gazeti. Alikuwa anaiweka kila Jumapili tukitoka kanisa na Kihispania hakujua hata neno moja, sisi pia hatujui. Mama anasema ni nyimbo za dini, kakangu anasema ni za walevi. Naomba utuamulie. — Binti wa Jumapili, Lang'ata

Marahaba binti yangu, na poleni sana. Sasa hapa sitaamua kitu maana wote wawili wamepatia. Weka upande wa kwanza. Wimbo unaofungua unaitwa El Todopoderoso, yaani Mwenyezi, huo ni wa Mungu kabisa na mama yako anaweza kuinua mkono bila wasiwasi. Halafu unaofuata ni Emborráchame de Amor, maana yake nileweshe kwa mapenzi, hapo kakako naye anapata haki yake. Kwa watu wa visiwa vya Karibi hizo nyimbo mbili kukaa jirani si ajabu, na kwa baba yako nadhani pia haikuwa ajabu.

Kuna mwingine unaitwa Rompe Saragüey. Huo ni wimbo wa zamani wa Kuba, na rompe saragüey ni mmea, majani ambayo watu wa huko wa dini za asili ya Afrika hutumia kujisafisha na mabaya, husda na mambo kama hayo. Nyanya yako akisikia hiyo hadithi hataomba tafsiri. Halafu Mi Gente, watu wangu, ambao ndio watu wengi wanaoujua. Zote jumla ni 8.

Na jina lenyewe la albamu ni mchezo wa maneno. Kijana Héctor alizaliwa Ponce, Puerto Rico, 1946, na Lavoe si jina la baba yake, la baba ni Pérez. Lavoe limetoka kwa "la voz", sauti. Kwa hivyo albamu ya kwanza akiwa peke yake ameiita kwa jina lake na kwa kazi yake kwa pamoja, na mimi sijaona mwimbaji mwingine aliyejitambulisha kwa maneno machache hivyo.

Kuhusu baba yako kupenda kitu asichokielewa maneno, nina shuku yangu. Septemba 1974 kulikuwa na tamasha la siku tatu Kinshasa, lile lililopangwa liende sambamba na ngumi za Muhammad Ali na George Foreman, halafu Foreman akapasuka juu ya jicho mazoezini pigano likasogezwa hadi 30 Oktoba lakini muziki ukaendelea. James Brown alikuwepo, Miriam Makeba, Franco, Tabu Ley, na kutoka New York wakaja Fania All Stars, kundi la nyota wa salsa, wakiwa na mwimbaji wa Kuba Celia Cruz na huyo huyo Lavoe. Akaimba Mi Gente mbele ya umati wa Kinshasa. Yaani Waafrika waliusikia huo wimbo kabla sahani ya baba yako haijachapwa! Video ipo kwenye intaneti, tafuteni muiangalie na mama, muone jinsi yule mtu mwembamba anavyosimama tu bila kuruka ruka na uwanja mzima unamwitikia.

Sasa mzee. Mimi ni mwimbaji, nimeimba salsa na rumba na bendi moja hapa mjini miaka 6, kuanzia mabaa ya Westlands hadi harusi za Karen, na mwezi uliopita nimetoka. Sababu ni pesa, sitaki kuingia sana huko lakini ukiimba masaa manne upewe elfu mbili na mwenye bendi anabadilisha gari utanielewa. Nataka nitoe albamu yangu, nyimbo 14, na nataka kila kitu nifanye mwenyewe na laptopu na beshte wangu wa kutengeneza biti ili wajue hawakuwa wananibeba. Shida ni kiongozi amenitumia meseji ati nisiguse wimbo wowote wa bendi na hata jina la bendi nisilitaje. Anaweza kunizuia? Na unanishauri nini? — Sauti Imechoka, Kayole

Pole kijana, na hiyo ya gari nimeielewa bila mchoro.

Lakini hiyo sentensi ya "wajue hawakuwa wananibeba" naomba uifute kwanza, kwa sababu walikuwa wanakubeba, na wewe ulikuwa unawabeba, bendi si ndio hiyo. Sasa turudi kwa La Voz maana kesi yako na yake zinafanana hadi miaka. Lavoe aliingia kwa Willie Colón 1967, Willie mwenyewe akiwa mtoto wa miaka 17 na trombone yake, wakatoa sahani juu ya sahani, kufika 1973 Willie akaamua kuacha kuzunguka na bendi, anataka kukaa studio. Hapo ndipo Lavoe akabaki na bendi mkononi na jina lake juu. Watu husema alifukuzwa, kwamba alikuwa na madawa na alikuwa anachelewa shoo, na kuchelewa ni kweli, hadi walimpa jina la mfalme wa kufika kwa wakati kwa kumkejeli (Nairobi angeitwa mtu wa kawaida tu). Lakini angalia nani alisimamia hiyo albamu ya kwanza ya peke yake. Prodyuza ni Willie Colón. Yule yule! Na Mi Gente, ambao mashabiki wanausema ni wake kabisa kama kitambulisho, aliutunga Johnny Pacheco, mmoja wa wale wawili walioanzisha kampuni ya Fania 1964, yaani bosi. Ruka hadi 1978 kwenye Comedia, ule wimbo mkubwa wa El Cantante unaoeleza maisha ya mwimbaji hadi unadhani Lavoe alilia kwenye daftari lake akauandika, umetungwa na Rubén Blades, mwimbaji mwenzake, na prodyuza ni nani? Willie tena.

Cheo Feliciano vilevile. Alitoka kwa Joe Cuba, akapotelea kwenye heroini miaka kadhaa, akapona, akarudi mwanzoni mwa miaka ya 70 na albamu yake mwenyewe, na aliyemjazia nyimbo ni Tite Curet Alonso, mtunzi aliyekuwa anafanya kazi posta kule Puerto Rico. Hao watu wanaitwa masolo lakini ukifungua mlango wa studio chumba kimejaa.

Kwa hivyo kabla hujalipia studio chukua karatasi uandike majina ya wale uliowaacha ambao bado mkikutana stejini ya matatu mnasalimiana. Mpiga besi? Yule wa tarumbeta? Hao hawakubadilisha gari. Waite siku zao za mapumziko uwalipe, hata kama ni kidogo, lakini lipa siku hiyo hiyo, usije ukawa kama yule uliyemkimbia.

Na laptopu pekee sikushauri. Sisemi hivyo kwa sababu ya uzee. Kwenye mugithi, ile dansi ya Wakikuyu, mtu mmoja na gita lake na mashine ya ngoma anachezesha watu hadi asubuhi na mimi ni wa kwanza kushika mabega ya aliye mbele yangu kwenye ile treni, lakini salsa imejengwa tofauti, imejengwa na watu wanaosikilizana. Wiki iliyopita nilipitia mazoezi ya vijana fulani South B, kwenye gereji ya nyumba, mpiga bongo alikuwa amekaa na bongo zake, zile ngoma mbili ndogo zilizoungana, kati ya magoti anapiga polepole wakati mwimbaji anasimulia hadithi. Halafu hadithi ikaisha, mpiga tumba, yule wa ngoma ndefu, akamwangalia mwenzake jicho moja tu, yule akaweka bongo chini kwenye godoro kuukuu, akainua ile kengele ya mkono na kijiti, na alivyoigonga ya kwanza gereji ikabadilika, hata mtoto wa jirani aliyekuwa anakula mandazi mlangoni alianza kutikisa kichwa na mandazi mdomoni. Hapo ndio montuno inaanza, hapo waitikiaji wanashika mstari mmoja wanaurudia na wewe mwimbaji unatakiwa kuwajibu, kila mara kitu kipya. Beshte wako anaweza kuweka sauti ya kengele kwenye kompyuta, sawa, lakini ile kompyuta haitakuangalia usoni ijue umeishiwa maneno ikuongezee raundi mbili za tarumbeta upumue.

Sasa hapo kwenye kujibu nikuulize swali la kizee. Unaimba kwa lugha gani? Kwa sababu nimewaona wengi hapa Nairobi, sauti nzuri, Kihispania wamekariri vizuri, wakifika montuno wanarudia maneno aliyosema Lavoe New York miaka 50 iliyopita, neno kwa neno, hadi kikohozi chake. Wakati kile kitu ni cha kuzua papo hapo! Huwezi kuzua kwa lugha ambayo huwezi kugombana nayo na kondakta. Wewe una Kiswahili, lugha ya watu waliokuwa wanajibizana kwa mashairi kabla ya babu ya babu yako, maneno yake karibu yote yanaishia kwa vokali, yanalala kwenye muziki huo bila kusukumwa. Zua kwa Kiswahili. Zua kuhusu elfu mbili zako kama unataka, waitikiaji wakuulize "gari la nani?" nawe uwajibu, lakini jina la mtu usitaje, tusije tukaandikiana barua za wakili.

Tukija kwa huyo kiongozi na meseji yake. Hapo nusu ana haki na nusu anatisha tu. Wimbo ni mali ya aliyetunga maneno na muziki, na kwa sheria yetu ya hakimiliki ya 2001 ni mali yake maisha yake yote na miaka 50 baada ya kufa. Kuuimba miaka 6 hakukufanyi kuwa mwenyewe, hata kama watu walikuwa wanakuja kwa ajili yako. Lakini kama wewe ndiye uliyetunga, hata kama mlirekodi kama bendi, kiongozi hawezi kukupokonya utunzi kwa meseji, isipokuwa uliweka sahihi mahali ukamwachia. Je uliweka? Kumbuka vizuri, wanamuziki tunaweka sahihi vitu saa nane usiku. Utunzi wako upeleke KECOBO, ofisi ya serikali ya hakimiliki, uandikishwe, na hapo hapo uulize ni vyama gani vina leseni sasa ya kukukusanyia pesa, maana kwa miaka mingi MCSK ilikuwa ya watunzi, PRISK ya wanaoigiza na kuimba, KAMP ya waliogharamia rekodi, na kama hiyo albamu ni yako toka mfukoni mwako basi unaweza kuwa na mguu kwa makundi yote matatu. Rekodi yenyewe waliyofanya zamani ni kitu kingine tena, hiyo usiichukue ukaipandisha mtandaoni na jina lako.

Jina la bendi, kama ameliandikisha kama chapa kule KIPI, ofisi ya serikali inayoandikisha chapa, basi usilitumie kuuzia tiketi. Lakini kusema ukweli kwamba uliimba na bendi fulani kuanzia mwaka fulani hadi mwaka fulani, hiyo ni historia yako. Ukipata meseji ya tatu ya namna hiyo nenda kwa wakili, mimi ni mtu wa santuri tu.

Na nyimbo 14 ni nyingi, punguza. La Voz zilikuwa 8 na bado watu wanazitafuta. Ziimbe kwanza mbele ya watu, kwenye baa yoyote itakayokukubali Jumanne, zile ambazo watu wanaendelea na simu zao wewe ukiziimba zitoe hata kama unazipenda, rekodi zilizobaki.

Nimeanza klasi za salsa Ngong Road, mwalimu kila saa anasema sikiza klave, sikiza klave. Mimi sisikii kitu. Masikio yangu yameharibika? — Miguu Miwili ya Kushoto, Kilimani

Hayajaharibika. Klave ni mdundo wa fimbo mbili fupi zinazogonganishwa, na kwenye rekodi nyingi hakuna mtu anayezipiga hizo fimbo, kila mwanamuziki anazo kichwani, ndio maana unazitafuta huzioni. Piga makofi: matatu yaliyoachana, pa… pa… pa, halafu mawili, pa-pa. Rudia hadi majirani walalamike. Wakati mwingine mawili yanaanza na matatu yanafuata, inategemea wimbo. Hiyo ngoma ilitoka Afrika ikapelekwa Kuba na watu waliofungwa minyororo, kwa hivyo usimruhusu mwalimu akwambie ni ngeni kwako. Miguu ni shida nyingine, hiyo siwezi.

Nyinyi wazee mnasifu wasaliti. Mtu anajengwa na kikundi, akipata jina anaruka. Hata hapa kwetu ni hivyo hivyo. — Mkweli, Umoja

Mkweli, punguza moto. Kama kila aliyetoka ni msaliti basi zima redio yako leo. 1963 Tabu Ley na Docteur Nico walitoka African Jazz ya Kabasele wakaanzisha African Fiesta. 1978 wanamuziki kadhaa walitoka Simba Wanyika wakaunda Les Wanyika, na bila huko kutoka usingepata Sina Makosa, ambayo najua umeiimba kwa harusi na tai imelegea. Samba Mapangala alikuja Nairobi na Les Kinois, leo tunamjua kwa bendi ya Virunga. Na hawa vijana wa juzi, Sauti Sol, 2023 walitangaza wanapumzika kama kikundi na mwaka huo huo Bien akatoa albamu yake ya kwanza ya peke yake, sijasikia walirushiana viti.

Ninachokubaliana nawe ni kwamba kuna wanaotoka vibaya, usiku, na spika za watu. Hao hatuwasifu hapa.

Shangazi yangu anasema Celia Cruz hakuwahi kuwa na bendi, alizaliwa staa. Ni kweli? — Mpwa Mbishi, South C

Mpe shangazi heshima zake halafu umwambie pole pole. Celia aliimba na La Sonora Matancera miaka 15, kuanzia 1950 hadi 1965, na 1960 alitoka nao Kuba kwenda Mexico akawa ndio ameondoka hivyo. Alipoachana nao akarekodi sana na Tito Puente, kazi nzuri lakini soko halikutikisika vile. Ni 1974 alipoungana na Johnny Pacheco, albamu ya Celia & Johnny, inayofunguliwa na Quimbara, ndipo vijana wa New York wakamjua upya kama wao, yeye tayari ana karibu miaka 50. Hesabu hapo ni miaka 9 tangu atoke kwa bendi. Sauti Imechoka, kama bado unasoma, hiyo miaka 9 ni yako.

Mzee nataka santuri ya salsa hapa Nairobi, orijino, si ya kudownload. Naenda wapi na naangalia nini? — Kijana wa Sindano, Roysambu

Kenyatta Market, ingia ndani upite wasusi wanaokuvuta mkono hata kama una upara, upite moshi wa nyama choma, utakuta santuri zimepangwa hadi darini. Nenda asubuhi, nenda na simu yenye tochi. Itoe sahani uishike pembeni kwa viganja, usiiguse usoni, iinamishe kwenye mwanga. Mikwaruzo myembamba kama nywele isikutishe, hiyo ni vumbi na uzee, itapasuka pasuka kidogo kama mahindi kwenye jiko halafu muziki utaingia. Ule mkwaruzo ambao ukipitisha ukucha unakwama, huo rudisha. Iweke pia mezani uone kama imepinda, maana nyingi zilikaa dirishani kwa jua la miaka. Usimuulize muuzaji bei ukiwa umeikumbatia.

Na ukikuta La Voz yenye jalada zima nipigie kabla hujalipa. Si kwa ajili yangu, mimi ninayo, kuna binti wa Lang'ata ana sahani isiyo na nguo.